Suti ya Mgeni Rasmi

Hebu nikuulize wewe: mtu akikaa darasani miaka mitatu, akafanya mtihani, akafaulu, jina lake likabandikwa ukutani na kila apitaye akalisoma, huyo amehitimu au bado? Usijibu haraka. Wapo watu wazima wenye tai shingoni waliobishana juu ya swali hilo miezi mingi, na ukiwauliza leo, wengine wao watakuambia inategemea.

Mwanamke mmoja alilijua jibu tangu siku ya kwanza, ila hakuna aliyemuuliza, kwa sababu kazi yake ilikuwa kupika chai.

Walimwita Mama Chai. Jina alilopewa na wazazi wake lilibaki kwenye kitambulisho tu. Katika ofisi ya ajira za serikali, ghorofa ya pili, kile chumba kidogo kati ya choo cha wanaume na stoo ya karatasi kilikuwa chake kwa miaka kumi na saba: jiko la umeme, sinki lenye bomba lisilokoma kudondosha, kabati la vikombe, na misumari mitatu ukutani ya kutundikia aproni, kitambaa cha vyombo na mkoba wake. Alimjua kila mtu kwa kikombe chake. Katibu hakunywa sukari, daktari alimkataza. Mhasibu alitaka chai ya rangi, ya kuunguza ulimi. Mwenyekiti wa bodi, ambaye ndiye aliyekuwa na neno la mwisho juu ya nani aajiriwe na nani arudi kwao, alitaka maziwa matupu, majani kidogo ya kudanganyia, na vijiko vinne vya sukari, akoroge mwenyewe kwa kelele. Akimaliza hukilamba kile kijiko, mbele na nyuma, akakirudisha kwenye bakuli la sukari la watu wote.

Mama Chai alikuwa akilimwaga lile bakuli kila jioni na kulisugua kwa maji ya moto. Hakumwambia mtu. Kinyaa cha mtu mdogo, alijisemea, hukaa tumboni mwake mwenyewe.

Nyumbani aliishi na binti wa marehemu kaka yake, aliyemlea tangu ana miaka sita. Chuoni walimpachika jina la Darubini, kwanza kwa ile miwani yake minene, na pili kwa sababu akishainamia darubini ya maabara, kumbandua pale ilikuwa kazi. Jina likamfuata mpaka nyumbani. Alikuwa msichana mkimya. Ukimuuliza mambo matatu atakujibu moja, na hilo moja utalitafuna mpaka kesho. Alisomea upimaji wa maabara za hospitali: damu, mkojo, makohozi, choo.

"Shangazi," alisema siku moja mezani, "choo cha mtu kinasema ukweli kuliko mdomo wake."

"Basi kinyamaze kidogo," Mama Chai akamjibu, "tunakula."

Matokeo ya mwisho yalitoka mwezi wa pili. Darasa lao lilikuwa na watu kumi na wanne na wote walifaulu, Darubini akiwa wa pili. Mahafali yakapangwa tarehe nane ya mwezi wa tatu. Sasa hapa kuna desturi ya chuo kile ambayo lazima uijue. Cheti chao hakiandikwi tarehe mpaka siku ya mahafali yenyewe. Asubuhi hiyo mkuu wa chuo hutoa muhuri wa kuzungusha namba, akaugonga juu ya kila cheti, mgeni rasmi akatia sahihi, ndipo watu wakavaa majoho. Ndivyo walivyofanya tangu chuo kijengwe, na hakuna aliyeona ubaya.

Katikati ya mwezi huo wa pili tangazo likatoka gazetini. Hospitali za serikali zilihitaji wapimaji ishirini. Sifa: mwombaji awe ametunukiwa stashahada ya upimaji. Mwisho wa kupokea maombi: tarehe kumi na tano ya mwezi wa tatu. Wale vijana wakahesabu kwa vidole, nane mpaka kumi na tano ni wiki nzima. Mambo shwari.

Na mgeni rasmi alikuwa nani? Alikuwa yule yule wa vijiko vinne.

Siku mbili kabla ya mahafali, Mwenyekiti alimtuma Mama Chai kwa fundi cherehani, mtaa wa nyuma ya ofisi, akamchukulie suti. Fundi alikuwa mzee mwenye kanda ya kupimia shingoni na pini mbili mdomoni. Aliitoa ile suti kwa mikono miwili kama anayekabidhi mtoto mwenye homa.

"Mama, mwambie bosi wako mimi nimeshona alichonipa."

"Alikupa nini?"

"Alinipa tumbo alilolivuta ndani. Nilipomzungushia kanda alibana pumzi mpaka mishipa ikamtoka shingoni. Nikamwambia, mzee, pumua. Akaniambia, pima. Nikapima."

Mwenyekiti aliijaribu palepale ofisini, mlango umerudishiwa, Katibu ameshika koti, na Mama Chai amesimama na sinia mkononi akisubiri kuambiwa aliweke wapi. Hakuna aliyekumbuka kumwambia atoke. Mpika chai ni kama kabati, haoni. Suruali ilipanda magotini, ikapita mapajani kwa taabu, ikagoma kiunoni. Mwenyekiti akavuta tumbo. Kifungo kikakubali. Akasimama hivyo mbele ya kioo cha kabati, kifua mbele, uso umeiva. Kisha akajisahau, akapumua. Kifungo kikaruka, kikagonga kioo, kikabingirika chini ya meza.

Hakuna aliyecheka. Mama Chai aliyauma mashavu yake kwa ndani.

"Vaa ile ya kijivu, mheshimiwa," Katibu alisema taratibu.

"Ya kijivu nilivaa mwaka jana. Picha zinakwenda gazetini, watasema nina suti moja." Akaivua ile suruali na kuipiga teke. "Wapigie chuo. Waambie nimepata udhuru wa kikazi, wasogeze mbele. Kitambaa hiki mpaka kiagizwe tena. Wiki mbili."

"Wazazi wameshajiandaa, mheshimiwa. Wengine wako njiani."

"Si watarudi? Barabara haijafungwa. Mama, weka chai hapo."

Mama Chai akaweka chai hapo.

Mahafali yakasogezwa mpaka tarehe ishirini na mbili. Jioni ile Darubini alirudi na habari hiyo, akaketi kwenye stuli ya jikoni bila kuvua viatu.

"Mwisho wa maombi ni kumi na tano, shangazi."

"Andika tu, mwanangu. Chuo kitawapa barua ya matokeo. Hao ni watu wazima, wataelewa."

Hakumwambia habari ya suruali. Aliona haya, kama vile ni yeye aliyenenepa. Chuo kiliwapa barua kweli, zenye muhuri, kwamba huyu amefaulu mitihani yote na anangoja mahafali tarehe fulani. Darubini akaandika anwani na jina lake juu ya bahasha kwa mkono wake wa herufi za duara, wino wa buluu, na Mama Chai akaipeleka mwenyewe masjala tarehe kumi na moja. Alisimama pale mpaka akaona imegongwa muhuri wa kupokelewa. Hata karani alimtania, "Mama Chai, leo umeleta maombi au kitafunwa?"

Mwezi wa nne bodi ilikaa kuchagua watakaoitwa kwenye usaili. Wajumbe watano, meza ndefu, feni ya ukutani inayotikisa kichwa, na bahasha zimepangwa mafungu mafungu kwa majina ya vyuo. Mama Chai alipeleka chai ya saa nne. Saa saba aliitwa kupakua kuku wa kukaanga aliyeletwa kwenye makasha. Mwenyekiti alikula kwenye kiti chake, katikati ya kazi, kwa kuwa alikuwa na safari saa tisa. Sahani ilipojaa mifupa aliisogeza pembeni, na mifupa iliyofuata akawa anaitema juu ya bahasha iliyokuwa karibu.

"Tukienda moja moja tutalala hapa," alisema, mdomo umejaa. "Tuanze na walio wepesi kuondoka. Nani hana cheti chenyewe?"

Katibu akapitisha kidole kwenye daftari la masjala. "Hawa wa chuo cha afya. Kumi na wanne. Wameleta barua za matokeo. Mahafali yao yalikuwa ishirini na mbili, wiki moja baada ya mwisho."

"Waondoke."

"Ila, mheshimiwa." Katibu alipunguza sauti. "Mgeni rasmi siku hiyo ulikuwa wewe."

"Nilikuwa mimi. Na nilipendeza."

Wakacheka, wote watano. Mjumbe mmoja alicheka mpaka akapaliwa, ikabidi apigwe mgongoni. Mwenyekiti akachomoa karatasi moja kutoka kwenye lile fungu, akaikunja ncha ikawa ngumu, akaanza kuchokoa meno. Barua ile ilikuwa ya nani, Mama Chai hakujua. Aliona tu muhuri wa chuo ukipanda na kushuka mbele ya mdomo ule.

"Toa hizi takataka, mama."

Alipoinama kuzoa mifupa, akaiona anwani. Herufi za duara, wino wa buluu. Mafuta yalikuwa yameingia kwenye karatasi, ikawa inapenyeza mwanga, na kipande cha ngozi ya kuku kilikuwa kimenata juu ya jina la ukoo wa kaka yake. Mama Chai akakibandua kwa ukucha. Akaifuta bahasha kwa aproni, mara mbili, akairudisha juu ya fungu lake, akabeba sinia. Alifika kwenye sinki lake, akafungua bomba ili wasisikie, akatapika.

Barua ya kukataliwa ilikuja na mistari mitatu. Mwombaji hakukidhi sifa za kielimu kwa tarehe iliyowekwa. Katika zile nafasi ishirini waliajiriwa kumi na mmoja. Tisa zilibaki wazi, eti watatangaza tena mwakani. Wakati huohuo, katika hospitali kubwa ya mji, ndugu wa wagonjwa waliambiwa majibu ya vipimo warudi wiki ijayo, wapimaji hawatoshi. Darubini alikwenda kujitolea hukohuko. Alipima damu asubuhi hadi jioni, na mkuu wa maabara akatia sahihi yake kwenye majibu yale, kwa sababu Darubini kisheria hakuwa na sifa ya kuyajua aliyoyaona kwa macho yake.

Wenzake ndio waliosema twende tukashtaki. Walianza kumi na wanne, mpaka shauri linaandikishwa walibaki sita. Wengine waliogopa kuandikwa vibaya, na huwezi kuwalaumu. Wakili wao alikuwa mwanamke kijana wa msaada wa sheria, mwenye mkoba mzito kuliko yeye mwenyewe. Jina la Darubini likawekwa la kwanza kwa kuwa hakukataa. Yeye kukataa alikuwa hajui, na kukubali pia ilikuwa shida kumsikia.

Baraza la rufaa lilikaa kwenye ukumbi wenye mabenchi ya mbao na kapeti la kijani lililokwanguka mlangoni. Hakimu alikuwa mama wa makamo, anayeandika kila kitu kwa mkono. Wakili wa ofisi alikuwa na sauti nzuri ya redio.

"Sheria haina huruma wala chuki, mheshimiwa," alisema. "Tangazo lilisema ametunukiwa. Halikusema amefaulu, halikusema anangoja. Tarehe haisogei. Tukiisogeza siku saba kwa hawa, kesho watakuja wa siku nane, na keshokutwa wa mwezi."

Maneno yake yalikuwa na akili, lazima tuseme. Hata Mama Chai, aliyeomba ruhusa akaketi benchi la nyuma, aliyaona yana akili. Ndipo hakimu akainua kalamu.

"Mahafali yenyewe yalisogezwa kwa nini?"

"Mgeni rasmi alikuwa na udhuru wa kikazi, mheshimiwa."

"Upi?"

"Safari ya ukaguzi, nje ya mji." Na akatoa karatasi, imepigwa chapa, ina muhuri, imesainiwa na Mwenyekiti mwenyewe.

Mama Chai aliitazama karatasi ile kutoka benchi la nyuma. Alikuwa amezoea kuona watu wakila vibaya. Hili la kula, kufuta mdomo, na kuandikisha kwamba hukuwapo mezani lilimshinda.

Siku ileile, jua bado halijashuka, alimkuta yule wakili kijana akifunga mkoba wake nje ya ukumbi, akamweleza yote, tangu kanda ya fundi hadi ngozi ya kuku. Wakili alifungua tena mkoba.

"Mama, utayasema haya mbele ya hakimu?"

"Kwani nimekuambia wewe ili iweje?"

Nyumbani Darubini alikuwa anamenya viazi. Aliposikia aliweka kisu chini.

"Umebakiza miezi minane ustaafu, shangazi."

"Najua kuhesabu."

"Usiharibu kwa ajili yangu."

"Nani kasema kwa ajili yako? Naharibu kwa ajili ya bakuli la sukari."

Darubini alimtazama kwa ile miwani yake, hakuelewa, akaokota kisu akaendelea kumenya.

Jina la shahidi lilipopelekwa, haikupita siku mbili kufuli la chumba cha chai likabadilishwa. Aproni, mkoba na kitambaa cha vyombo alivikuta vimetupwa kwenye kasha mlangoni. Alipewa kiti kwenye stoo ya karatasi, bila kazi, akaambiwa akae hapo mpaka aitwe. Alikaa. Waliokuwa wakimwita mama wakaanza kupita kama wanaopita kando ya ndoo ya takataka. Na chai, alisikia kupitia ukutani, ilikuwa inapikwa na mlinzi, na wote walikuwa wakilalamika.

Siku ya ushahidi ilikuwa mwezi wa kumi na moja. Alivaa gauni lake la kanisani na harusini, akaapa, akaeleza polepole, kitu kwa kitu, kama anayepanga vikombe: suti ilikuwa ya rangi gani, kifungo kilianguka wapi, nani alisema nini, nani alicheka. Hakimu aliandika. Wakili wa ofisi akasimama, akavuta mkono wa koti.

"Mama, elimu yako ni ya kiwango gani?"

"Shule ya msingi."

"Hukuendelea?"

"Nilimsomesha aliyeendelea. Yule pale."

"Nakuuliza kwa heshima. Unaelewa maana ya udhuru wa kikazi?"

"Naelewa. Ni suruali."

Ukumbi ulicheka. Hakimu aligonga meza, ila hakuinua uso, na mabega yake yalikuwa yanatikisika kidogo.

"Mama," wakili alisema, sauti ya redio imepungua, "umri wako ni mkubwa. Miezi minane imepita. Unawezaje kukumbuka kwamba ilikuwa tarehe hiyo na si nyingine?"

"Mimi sikumbuki kwa kichwa changu, baba. Pale kwenu mtumishi akitoka getini lazima aandike: jina, saa, anakwenda wapi. Nilitoka tarehe sita mwezi wa tatu, saa nane na dakika kumi, nikaandika 'kwa fundi, suti ya mheshimiwa.' Na tarehe nane, siku mnayosema alisafiri, gari lake liliingia saa tatu asubuhi, mlinzi akaandika. Nilimpikia chai mara tatu siku hiyo. Liitwe daftari la getini."

Wakili wa vijana alisimama mara moja. Alisema maneno machache: kwamba ofisi haiwezi kufunga mlango kwa mkono wake wa kushoto, kisha kwa mkono wa kulia imwandikie mtu kwamba alichelewa kuingia. Hakimu akaagiza daftari liletwe, akaahirisha kwa saa moja.

Na hapo korido ikaanza kunuka manukato. Mwenyekiti alikuja mwenyewe, akifunguliwa njia na wakili wake, mkononi ana bahasha mpya ya kaki. Suti, kwa wanaotaka kujua, ilikuwa ya kijivu.

"Mama," alisema, na akatabasamu kwa meno yale, "mambo haya si tungeongea tu? Miaka yote hii tunakunywa chai pamoja."

"Ulikuwa unakunywa wewe. Mimi nilikuwa napika."

Akajifanya hakusikia. Wakili wa ofisi akaichukua ile bahasha, akatoa barua, akampa Darubini. Darubini aliisoma, akampa shangazi yake. Ilikuwa barua ya ajira, karatasi nzito, muhuri wa rangi mbili. Mpimaji wa maabara, hospitali kubwa, ajira ya kudumu. Mama Chai alisoma kwa kidole, kama alivyofundishwa, neno kwa neno mpaka chini, kisha akarudi juu kwenye tarehe. Akairudia tarehe. Ilikuwa ya mwezi wa tano.

"Leo ni mwezi wa kumi na moja," alisema.

"Tumeirudisha nyuma kidogo," wakili alisema, "ili asipoteze cheo chake. Ahesabiwe kama aliingia pamoja na wale kumi na mmoja."

"Mmeirudisha nyuma."

"Kidogo tu, mama. Ni utaratibu."

Mama Chai alitamani kunawa mikono. Mtu yuleyule, kwa mdomo uleule uliosema tarehe haisogei, sasa ameisogeza miezi sita kwa kalamu, bila hata kutoa jasho. Basi tarehe haikuwahi kuwa mlima. Ilikuwa pazia, mwenye kamba hulivuta atakako.

"Na nyinyi mnataka nini?" aliuliza.

"Binti afute shauri, sasa hivi, kabla daftari halijafika. Na wewe useme umri umekuchanganya. Hakuna wa kukugusa, utarudi kwenye chumba chako."

"Na hawa watano?" Walikuwa wamesimama karibu na ngazi, wamekusanyika.

"Hao wataangaliwa baadaye," Mwenyekiti alisema. "Mimi si mtu mbaya. Tuyamalize wenyewe, usiite majirani."

Wakili kijana alimgeukia Darubini. "Uamuzi ni wako. Sitakulaumu."

Mama Chai aliishika ile barua, na tuseme ukweli, mkono wake haukutaka kuiachia. Alikuwa ameingoja miaka mitatu na miezi kumi na moja. Aliwaza ada, aliwaza kaka yake kaburini, aliwaza huyu mtoto anayepima damu ya watu bila jina lake kuandikwa popote. Akamvuta pembeni kidogo, lakini korido ilikuwa nyembamba na kila mtu alisikia.

"Mwanangu, chukua," alisema. "Kazi ni kazi. Mimi nitasema nimezeeka, si uongo sana. Hiki kinyaa niachie mimi, nimekizoea."

Darubini alivua miwani. Akaifuta kwa upindo wa blauzi, kioo cha kwanza, kioo cha pili, akaivaa. Mwenyekiti alitazama saa yake.

"Binti, unataka nini zaidi?" alisema. "Ulitaka kazi, kazi hiyo hapo. Au ulitaka nini?"

Hapo wote waligundua kwa pamoja, hata shangazi yake, kwamba tangu mwezi wa tatu huyu ndiye wa kwanza kumuuliza. Darubini akaichukua barua kutoka mkononi mwa Mama Chai, taratibu, kidole kwa kidole, akaikunja kama ilivyokuwa, akamrudishia wakili wa ofisi.

"Nilitaka kuitwa kwenye usaili," alisema. "Niingie mlangoni, nikae kwenye kile kiti, mtu aniwekee tone la damu, aniulize kuna nini humu, na mimi nimwambie, na nimwambie nimejuaje. Nikikosea, nirudi nyumbani nikijua nimekosea. Nyinyi mmebishana miezi yote hii kama nimesoma au sijasoma, na hakuna hata mmoja wenu aliyeniuliza swali moja la kazi. Niulizeni. Mimi na wale pale, wote, mlango ukiwa wazi. Ndicho nilichotaka."